UZI: Søren Malling, Mdenmark wa pembeni anayemla steringi kimya kimya

Kandambili79

Wakuu, salaam.

Humu jukwaani haupiti mwezi bila uzi wa mwigizaji Mads Mikkelsen. Sina neno, jamaa anajua. Leo naomba tumpumzishe kidogo tumjadili Mdenmark mwenzake ambaye wengi wenu mmeshamuona ila jina lake hamlijui. Anaitwa Søren Malling. Paji pana, macho mazito, sura ya mwalimu wa zamu aliyekosa usingizi. Mkimuona tu mtasema "aaah, kumbe huyu!"

Kazaliwa 1964 Kjellerup, kamji ka ndani huko Jutland. Kasomea uigizaji kwenye chuo cha taifa pale Copenhagen, halafu miaka mingi ikapita kwenye thieta na vipande vidogo vidogo vya runinga. Mpaka 2007, akiwa ameshavuka arobaini, nje ya Skandinavia hakuna aliyekuwa na habari naye. Umri ambao wengine wanaambiwa gari limeshaondoka, yeye ndiyo kwanza anapewa namba mbili kwenye tamthilia kubwa.

Tamthilia yenyewe ni Forbrydelsen ya DR, shirika la utangazaji la umma la Denmark. Msimu wa kwanza una sehemu 20, na kila sehemu ni siku moja ya upelelezi wa mauaji ya binti anayeitwa Nanna Birk Larsen. Steringi ni Sofie Gråbøl kama Sarah Lund, yule dada wa sweta. Malling ni Jan Meyer, mpelelezi aliyeletwa kurithi kiti cha Lund kwa sababu Lund anahamia Sweden na mchumba wake. Sasa kesi inaingia, Lund kila siku anasema kesho naondoka, haondoki. Meyer kakabidhiwa ofisi ambayo mwenyewe bado amekaa ndani.

Mwandishi mvivu angemfanya Meyer awe mnoko wa kumwekea Lund vigingi hadi mwisho. Na kweli anaanza hivyo: ana hasira za karibu, anafoka kwa watuhumiwa, anatafunatafuna vitu kwenye gari mpaka unasikia kero. Ila mwangalieni anachofanya Malling wakati Lund anapokuwa ameganda kwenye tukio, anatazama ukuta, hasemi. Lund ni mtu wa kufichaficha, haoneshi anachowaza. Sisi watazamaji tunajuaje kwamba ameona kitu? Tunajua kwa uso wa Meyer. Anaacha kutafuna. Anamtazama yeye, anatazama ukuta, anamtazama tena. Kamera ikirudi kwa Lund, sisi tayari tumeshaamini kuna jambo.

Hiyo ndiyo hoja yangu ya uzi huu: Malling anaigiza kwa masikio. Ni fundi wa kumsikiliza mwenzake, na kazi yake nzima, hata alipokuja kupewa usteringi, imejengwa hapo. Nitafika kwenye Borgen na ile ya maharamia iliyopigwa huku kwetu Bahari ya Hindi. Leteni viti.

Kadenge wa Ilala

Mkuu nimekaa siti ya mbele. Swali: huyu Meyer si ndiye yule Holder kwenye ile ya Wamarekani, The Killing?

Kandambili79

Ndiye huyo huyo kwa nafasi, si kwa mtu. Wamarekani waliitengeneza upya 2011, nafasi ya Meyer akapewa Joel Kinnaman, na wakamvalisha kofia na lugha ya mtaani. Kinnaman alipendeza, ile nafasi ikamfungulia njia hadi RoboCop ya 2014. Mwenyewe asilia alibaki Copenhagen akaendelea kupanda basi la kazi. Simuonei huruma, mtaona kwa nini.

bint_Upanga

Mimi Meyer alinitoa machozi jamani. Naongea kwa wale walioona tu, WENGINE RUKENI HAPA, NI SPOILA:

Pale anapopigwa risasi, halafu hospitali anachoacha ni "Sara" na namba 84. Polisi wenzake wanasikia Sarah, wanamgeukia Lund. Kumbe mtu anakata roho anajaribu kutaja maandishi aliyoyaona kwenye nguo, Sarajevo 84, ya ile Olimpiki ya baridi. Yaani hata kufa kwake ni kazi ya upelelezi, na bado hajasikika vizuri. Nilizima nikakaa gizani.

Kandambili79

@bint_Upanga na cha kuuma zaidi, ni wakati huo huo walikuwa wameanza kuelewana. Uingereza ilipoanza kuoneshwa BBC Four mwaka 2011, kwa Kidenmark na maandishi ya chini, watu walizungumzia sweta la Lund hadi likawa biashara. Kwenye msimu wa pili Lund analetewa mpelelezi mwingine wa kufanya naye kazi, Mikael Birkkjær, mwigizaji mzuri tu. Ila pengo la Meyer unalisikia kila wakiingia kwenye gari.

Mtu Chake

Wakuu samahani, mimi hizi za Denmark zinanishinda. Mtu anafungua mlango dakika mbili. Anaangalia dirisha dakika tatu. Mvua inanyesha. Sehemu ya kwanza imeisha hakuna aliyepigwa hata kofi. Na hapo bado unasoma maandishi huku ugali unapoa.

Kadenge wa Ilala

😂😂 @Mtu Chake wewe subiri ije iliyotafsiriwa na maDJ wetu, Lund aitwe Mama Sweta.

Mwandishi Njaa

Mtu Chake ana hoja, ila acheni nieleze kidogo kwa nini hizi tamthilia zinakuwa hivyo, maana inamgusa Malling moja kwa moja.

DR walipoanza kujipanga upya, idara ya tamthilia ikiwa chini ya Ingolf Gabold, walijiwekea kanuni zao. Kubwa kuliko zote: mwandishi ndiye mwenye maono, wengine wote wanamtumikia. Ya pili ni ile ya hadithi mbili, kwamba kila tamthilia lazima iwe na kisa chake cha juu na chini yake kuwe na jambo linaloigusa jamii, maadili, siasa, familia. Halafu wanairusha Jumapili saa mbili usiku, familia nzima iko sebuleni.

Sasa ukiandika kwa kanuni hiyo huwezi kuwa na steringi mmoja anayebeba kila kitu. Forbrydelsen ya kwanza ina nguzo tatu: polisi, familia ya marehemu, na mwanasiasa anayegombea umeya. Baba wa marehemu (Bjarne Henriksen) na mgombea (Lars Mikkelsen, kaka yake Mads) wana uzito sawa na Lund. Mwigizaji wa pembeni anapewa nyama ya kutosha mfupani. Kule kwingine namba mbili anaandikiwa "ndiyo bosi" na "angalia nyuma yako!", basi.

Na nchi yenyewe ina watu kama milioni sita hivi. Waigizaji wazuri wanajuana wote. Ukitazama tatu mfululizo unaanza kuona sura zinazunguka: Henriksen huyo huyo utamkuta waziri kwenye Borgen, Birkkjær utamkuta mume wa waziri mkuu, Lars Mikkelsen anaingia msimu wa tatu. Mwisho unahisi Denmark nzima wako kumi na watano na wanapokezana mavazi.

bint_Upanga

@Mwandishi Njaa 🤣 hapo kwa mavazi umenimaliza. Mume wa Birgitte Nyborg alinitesa, nikamkuta tena ni mpelelezi na Lund, nikawa simwamini tangu anaingia.

Kandambili79

Ahsante @Mwandishi Njaa, umenirahisishia. Twende Borgen sasa.

Borgen ilianza 2010, misimu mitatu ya mwanzo ni sehemu 30 jumla. Sidse Babett Knudsen ni Birgitte Nyborg, mwanamke wa kwanza kuwa waziri mkuu wa Denmark (kwenye tamthilia, kwenye maisha halisi Helle Thorning-Schmidt aliupata 2011, mwaka mmoja baada ya tamthilia kuanza). Malling ni Torben Friis, mhariri mkuu wa habari wa TV1, kituo cha runinga cha humo kwenye tamthilia.

Torben haamui hatima ya taifa. Anaamua nani aongoze mdahalo saa ngapi. Ana shati la kukunja mikono, ana simu, ana wasiwasi wa kudumu. Misimu miwili ya kwanza ni bosi wa kawaida: anamlinda mtangazaji wake Katrine Fønsmark leo, kesho anamfokea. Waandishi wa habari mlioko humu mtamtambua, ni yule mhariri ambaye ukimletea habari kubwa anafurahi sekunde nne kisha anaanza kuwaza wanasheria.

Msimu wa tatu ndipo wanamfungulia mlango. Analetwa bosi mpya juu yake, Alex Hjort, kijana anayevaa vizuri, anayetaka idadi ya watazamaji ipande na habari ziwe burudani. Torben anajikuta katikati: juu kuna Hjort, chini kuna chumba cha habari kinachomtazama yeye awasemee, na nyumbani kuna ndoa inayoyumba kwa sababu ya uhusiano wake na Pia, mwenzake wa kazini. Malling hafanyi makeke. Anapunguza. Kila sehemu Torben anajibu polepole zaidi kuliko iliyopita. Hjort anamaliza kuongea, Torben ananyamaza, unaona anapima: nikisema hapana sasa hivi, nitapoteza nini? Anasema ndiyo. Na unamchukia na kumhurumia kwa wakati mmoja.

Halafu siku anayokataa inafika, na imelipiwa, kwa sababu umeshuhudia ndiyo zote zilizotangulia.

Netflix walipoirudisha 2022, Torben yupo bado, ila kiti cha habari kimekwenda kwa Katrine. Aliyekuwa chini yake sasa yuko juu yake. Ukimjua Torben, hiyo tu inatosha kukuchekesha na kukuumiza.

Afisa Kipenyo

Mkuu unamsifia sana. Mimi nimeona Borgen yote, Torben alikuwa ananikera. Kasper Juul, yule msemaji wa waziri mkuu, ndiye alikuwa moto. Pilou Asbæk yule baadaye kawa Euron Greyjoy kwenye Game of Thrones.

Kandambili79

@Afisa Kipenyo kukukera ndiyo kazi aliyopewa, na Asbæk simbishii. Tena umenipeleka ninapotaka kwenda, maana hao wawili walikutana kwenye kitu kimoja kikubwa kuliko Borgen.

Mmoja wa waandishi wa Borgen, Tobias Lindholm, mwaka 2012 alitoa filamu aliyoiandika na kuiongoza mwenyewe: Kapringen, kwa Kiingereza A Hijacking. Meli ya mizigo ya kampuni ya Denmark inatekwa na maharamia wa Kisomali. Filamu ina sehemu mbili tu za kukaa: ndani ya meli, ambako Asbæk ni Mikkel, mpishi, na ofisini Copenhagen, ambako Malling ni Peter, mkurugenzi mtendaji. Kati yao kuna simu.

Utekaji wenyewe HAUONESHWI. Lindholm ameuruka. Mara mpishi anapika, mara Peter anaitwa pembeni na kuambiwa meli imetekwa. Mtu anayetafuta bunduki na mbio za boti atadai nauli irudishwe.

Peter tunamkuta mwanzo akiwa kwenye mazungumzo na Wajapani. Wasaidizi wake wamekwama, yeye anaingia, anakaa, anakataa kwa upole, anasimama kama anaondoka, bei inashuka. Dakika chache hizo zinakwambia kila kitu: huyu anaamini hakuna mtu asiyeweza kumshusha bei. Kwa hiyo mshauri wa utekaji anapomwambia tafuta mtu mwingine aongee na maharamia, wewe umeguswa mno, Peter anakataa. Kampuni ni yake kuiongoza, watu ni wake, ataongea mwenyewe. Maharamia wanaanza na dola milioni 15. Yeye anaanza na laki mbili na nusu.

Kinachofuata ni mtu mwenye suti anasikiliza spika ya simu kwa muda wa miezi. Sauti inafika imechelewa na mwangwi unarudisha maneno yake mwenyewe. Ukitaka kuona uigizaji wa masikio, shikeni hapo: Peter anataja bei, sauti yake mwenyewe inamrudia, anasubiri, na kwenye hilo pengo Malling hafanyi LOLOTE, isipokuwa shingo inakaza kidogo juu ya kola. Ile tai iliyonyooka wiki ya kwanza, angalieni inavyokuwa baadaye. Kuna mahali anamfokea mkewe pale ofisini, mwanamke kamletea tu huruma, na ukimya unaofuata ni mbaya kuliko mlio wa bunduki.

Ilimpa Robert, tuzo kubwa ya filamu ya Denmark, mwigizaji bora wa kiume 2013. Filamu nayo ikachukua filamu bora.

Nahodha wa Likoni

Salaam aleikum jamaa. Nyinyi mwaizungumza filamu, sisi huku Mombasa twaijua meli.

Ile meli ni MV Rozen ya kweli, na jina lake hawakulibadili. Filamu ilipigwa baharini upande huu wa Kenya. Na Rozen yenyewe ilikuwa ishatekwa kwa kweli: Februari 2007, imekodiwa na WFP, lile shirika la chakula la Umoja wa Mataifa, imetoka kushusha chakula cha msaada Somalia ya kaskazini, yarudi Mombasa, wakaikamata pwani ya Puntland. Mabaharia 12, sita Wakenya na sita wa Sri Lanka. Waliachiwa Aprili. Siku hizo ukifungua redio lazima umsikie Andrew Mwangura wa ule mpango wa kusaidia mabaharia, ndiye aliyekuwa msemaji wa kila meli iliyopotea.

Mimi nimefanya kazi bandarini miaka mingi. Nilipoiona ile filamu sikumtazama sana huyo Mzungu wenu wa ofisini. Nilitazama jikoni. Lile jiko dogo, sufuria imefungwa isiteleze, ile rangi ya kijani iliyobambuka ukutani, ile ngazi ya chuma. Hakuna studio iwezayo kuijenga harufu ile. Mpishi amefungiwa chini na joto la Bahari ya Hindi, hakuna upepo, hakuna choo. Hayo watu wetu wameyapitia, wengine hata hawakuulizwa na gazeti.

Kandambili79

@Nahodha wa Likoni shikamoo mzee wangu. Hii ndiyo niliyokuwa naisubiri. Kwa hiyo meli iliyoigiza kutekwa ilikuwa meli iliyotekwa.

Nahodha wa Likoni

Marahaba mwanangu. Ndiyo hivyo. Na hata ile ya Tom Hanks, Captain Phillips, meli yenyewe Maersk Alabama mwaka 2009 ilikuwa yaja Mombasa. Na Maersk ni mali ya hao hao Wadenmark. Bahari ni moja.

Sister Eastleigh

Naomba niseme kitu kinachonikereketa. Nimeitazama Kapringen. Nzuri, ndiyo. Ila maharamia hawana maisha. Mdenmark ana mke, ana mtoto wa kuongea naye kwenye simu, ana pete. Msomali ana bunduki. Wanaongea Kisomali na hakuna tafsiri chini, mtazamaji anaachwa asikie kelele tu. Sisi tunaosikia lugha ile tunakuwa kama tumekaa chumba kingine na wenzetu. Captain Phillips pamoja na ule Umarekani wote angalau Barkhad Abdi alipewa nafasi ya kuwa mtu, hadi akatajwa kwenye Oscar.

Afisa Kipenyo

Sister lakini ile si kwa sababu filamu inamfuata mpishi? Yeye hasikii Kisomali, na sisi tusisikie. Ndiyo woga wenyewe.

Sister Eastleigh

Nimeelewa sababu. Sababu nzuri haifuti kinachoonekana. Ingekuwa ni meli ya Wakenya sita na Wasri Lanka sita, kama alivyosema mzee, kuna mtu Copenhagen angekaa miezi yote hiyo kwenye simu? Kuna filamu?

Kandambili79

Sister hapo sina jibu la kukurudishia, na nadhani ni hoja nzito kuliko uzi wangu. Naongeza mtu mmoja tu: Omar, yule anayeongea na Peter kwa niaba ya maharamia, ameigizwa na Abdihakin Asgar. Huyo ana maneno, tena kwa Kiingereza, na kila mara anakasirika akiitwa haramia. Anasema yeye ni mtafsiri tu, mfanyakazi. Peter naye anajiona mfanyakazi, kuna bodi juu yake inayotaka bei ishuke. Wawili hao wanafanana kuliko wanavyotaka kukiri. Filamu ingekuwa kubwa zaidi kama ingemfuata Omar hadi nyumbani kwake. Haikumfuata.

Na kuna mwingine wa kumtaja: mshauri Connor, yule anayekaa nyuma ya Peter na kalamu, si mwigizaji. Gary Skjoldmose Porter, kazi yake ya kweli ilikuwa hiyo hiyo ya usalama wa meli na mateka. Kwa hiyo Malling alikaa chumbani na mtu anayejua simu kama hizo zinavyokwenda. Mwigizaji mwenye njaa ya kuonekana angetaka kumfunika. Malling anamsikiliza kama mwanafunzi, halafu anakaidi kama bosi.

Spoila ya mwisho naiacha. Walioona wanajua kuhusu pete.

Mtu Chake

Haya nimeshawishika, naishusha leo usiku. Ikinilaza usingizi nitarudi hapa kuwasema.

bint_Upanga

Mkuu maliza basi, baada ya hapo jamaa kafanya nini? Maana na Robert mkononi lazima Hollywood walipiga simu.

Kandambili79

Hollywood ilimchukua Asbæk. Malling yeye alirudi pembeni, na ninavyoona mimi alirudi kwa hiari, maana nafasi alizochukua ni za mtu anayejifurahisha.

1864 ya mwaka 2014, tamthilia ya vita ya Ole Bornedal, ghali kuliko zote Denmark ilizowahi kutengeneza hadi wakati huo: yeye ni Johan, askari mzee mwenye namna ya kuona mambo kabla hayajatokea. Tamthilia yenyewe iliwagawa Wadenmark vibaya, wengine waliiona inawatukana. Mimi naiona ina uvimbe mwingi, ila Johan akiingia kwenye handaki kila kitu kinatulia.

2015 akaonekana kwenye Mænd & høns ya Anders Thomas Jensen. Hii siwaambii mengi. Ndugu watano wenye midomo iliyopasuka wanakutana kwenye jumba bovu lenye kuku, wanapigana kwa magongo na wanyama waliokaushwa. Mads Mikkelsen yumo, yumo David Dencik, Nikolaj Lie Kaas na Nicolas Bro. Malling ni Franz, na ni mtu tofauti kabisa na Torben. Mtu aliyekuwa anahariri habari kwa shati safi hapa anampiga mgeni na ndege aliyekaushwa. Msitazame na wakwe.

Mwaka huo huo akarudi kwa Lindholm kwenye Krigen. Asbæk ni kamanda wa Denmark huko Afghanistan aliyeagiza shambulio, raia wakafa, anashitakiwa. Malling ni wakili wake. Nafasi ndogo, inaingia nusu ya pili. Na hapa tena hafoki: wakili anajua mteja wake ana dhamiri, na dhamiri ndiyo itakayomfunga, kwa hiyo kazi yake ni kumwelekeza taratibu mbali na dhamiri. Filamu iliingia tano bora za Oscar, kundi la filamu za kigeni.

Mwandishi Njaa

Umeisahau Efterforskningen?

Kandambili79

Siisahau, nilikuwa naiwekea nafasi.

The Investigation, 2020, sehemu sita, Lindholm tena. Kisa cha kweli: Agosti 2017 mwandishi wa habari wa Sweden, Kim Wall, alipanda nyambizi iliyotengenezwa na mtu binafsi Copenhagen ili amhoji, hakurudi. Dada huyu alikuwa mwandishi wa kuzunguka dunia, hata Uganda aliripoti. Malling ni Jens Møller, mkuu wa kitengo cha mauaji. Steringi kamili, jina la kwanza.

Muuaji hatajwi jina. Haonekani hata mara moja. Mahojiano yake yanafanyika nje ya picha, Møller anasimuliwa tu. Kwa hiyo tamthilia nzima ni mtu anayepokea taarifa: wapiga mbizi wanasema hatujapata, mwendesha mashtaka (Asbæk tena!) anasema haitoshi mahakamani, wazazi wa Kim wanauliza kuna jipya? Mama ni Pernilla August, baba ni Rolf Lassgård. Na mbwa wao Iso ni mbwa halisi wa familia ile.

Sehemu ninayoirudia ni ya mbwa wa kunusa maiti baharini. Wako kwenye boti ghuba ya Køge, mbwa ananusa hewa inayopanda kutoka majini, na shida ni kwamba harufu haipandi wima, mkondo unaisogeza. Kwa hiyo mbwa akibweka hapa, mwili hauko hapa. Inabidi wahesabu mkondo, kina, joto la maji, ndipo wapige mbizi. Møller anasimama anaelezwa hayo na mtaalamu. Malling anatikisa kichwa mara moja, anauliza swali moja fupi. Dakika nyingi za sayansi na hujachoka hata kidogo, kwa sababu anayesikiliza anasikiliza kweli.

Sister Eastleigh

Hiyo niliipenda. Kumnyima muuaji sura na kumpa marehemu familia, kazi, jina. Huyo Lindholm alijifunza kitu.

Mwandishi Njaa

Sister umemuua 😂 ila naafiki. Nami naongeza: binti yake Møller ni mjamzito kwenye tamthilia, na baba hapokei simu. Ndiyo gharama yenyewe. Fundi wa kusikiliza ofisini, nyumbani kiziwi.

Mtu Chake

Nimerudi. Kapringen nimeimaliza. Sikulala. Ile simu jamani, ile "hello… hello" inayorudi! Nilikuwa nataka kuipokea mimi nimalize mambo. Na pete. @Kandambili79 kwa nini hukusema kuhusu pete?

Kandambili79

Ningesema ungeitazama?

Kadenge wa Ilala

Wakuu tupeni mpangilio basi, mtu anayeanza leo aanze na ipi?

Kandambili79

Mwenye haraka: Kapringen, kama saa moja na dakika arobaini. Mwenye wiki mbili: Forbrydelsen msimu wa kwanza, sehemu 20, msiruke hata moja. Borgen kwa wapenda siasa. Efterforskningen mwisho, mkishamzoea. Mænd & høns watoto wakishalala.

Nahodha wa Likoni

Mwenye kutaka kuiona Rozen atazame ile ya kwanza. Aangalie jikoni.